MIAKA HAIHESABIWI JUU YA ARDHI YA UMMA

Liko neno moja lizungukalo sana midomoni mwa watu, mijini na mashambani, nalo ni hili: kwamba mtu akiikalia ardhi kwa miaka 12 bila ya kuulizwa, basi ardhi hiyo imekwisha kuwa yake, wala hapana awezaye kumwondoa. Neno hili ni nusu ya kweli. Na nusu ya kweli aghalabu huwa na madhara kuliko uwongo mtupu, kwa sababu uwongo mtupu watu huukimbia, lakini juu ya nusu ya kweli mtu huweka msingi, akapandisha ukuta na kuezeka bati.

Twalisema jambo hili leo kwa sababu wengi wa wasomaji wetu ni wafanyakazi, na mfanyakazi hajengi kwa siku moja. Hujenga kwa akiba ya mshahara, mwezi huu mifuko miwili ya saruji, mwezi ujao tripu moja ya mchanga. Nyumba yake ikibomolewa kwa kuwa imesimama mahali pasipostahili, kinachoanguka ni miaka yote ya jasho lake. Ndiyo maana hatuna budi kuipambanua nusu iliyo kweli na nusu isiyo kweli.

SHERIA YA UKOMO WA MUDA

Tuanze na nusu iliyo kweli. Tanzania inayo Sheria ya Ukomo wa Muda ya mwaka 1971. Kabla yake Tanganyika ilifuata sheria ya Wahindi ya mwaka 1908, ambayo Waingereza waliileta huku pamoja na sheria nyingine nyingi za Bara Hindi. Sheria hii ya 1971 humwambia kila mwenye madai kwamba mlango wa mahakama hauwi wazi daima. Kwa madai ya kurudishiwa ardhi muda uliowekwa ni miaka 12. Hata kwa madai ya ardhi yanayofuata mila, kanuni za mwaka 1964 ziliweka miaka hiyo hiyo 12.

Sababu zake ni za busara. Mashahidi hufa, mipaka iliyopandwa minyaa hufutika, na makaratasi huliwa na mchwa. Hakimu aletewaye ugomvi wa babu na babu hana njia ya kuupata ukweli. Tena si haki kwamba mtu aache shamba lake liwe pori, amwone mwenziwe akilifyeka, akilipalilia na kulipanda mikorosho, kisha mikorosho ikianza kuzaa ndipo aamke na kusema: hili ni langu. Sheria humwambia mtu wa namna hiyo kwamba amelala mno.

Lakini hata baina ya mtu na mtu, miaka 12 peke yake haitoshi. Mwaka 2018 Mahakama ya Rufani ya Tanzania iliamua shauri la watu 137 waliodai shamba la shirika moja la masista kwa hoja kwamba wamelikalia muda mrefu. Mahakama iliwakatalia, ikaeleza masharti ambayo mdai hana budi kuyathibitisha. Sharti mwenye ardhi awe ameiacha. Sharti mdai aikalie hasa, kwa uwazi, mfululizo, bila ya idhini ya mwenyewe, na kwa nia ya kuifanya yake. Na sharti muda uliowekwa na sheria uwe umetimia bila ya kukatizwa.

Hapo msomaji na aangalie neno idhini. Mpangaji hawezi kuichukua nyumba kwa sababu amepanga miaka 20. Ndugu aliyeachiwa shamba alitunze wakati mwenziwe yuko kazini mjini hawezi kusema kuwa limekuwa lake kwa sababu tu amelilima miaka 15. Mgeni ni mgeni, hata akipewa jembe. Mwenye kuingia kwa ruhusa hukaa kwa ruhusa, na miaka yake haihesabiwi.

NUSU ISIYO KWELI

Sasa twaja kwenye nusu iliyokwisha kuwaangamiza wengi. Sheria hiyo hiyo ya mwaka 1971 yasema wazi kwamba masharti yake hayahusu mashauri ya Serikali ya kuirudisha ardhi ya umma mikononi mwake. Maana yake ni nyepesi kufahamika. Mtu binafsi akikaa kimya miaka 12, hupoteza haki ya kudai. Serikali ikikaa kimya miaka 12, au 30, au 50, haipotezi. Kwa mvamizi wa ardhi ya umma saa haijaanza hata kugonga.

Chimbuko la jambo hili ni Uingereza ya kale, ambako wanasheria walishika kanuni kwamba muda hauwezi kumpita Mfalme. Walisema Mfalme ana shughuli nyingi za dola, wala si haki apoteze mali kwa uzembe wa watumishi wake. Lakini Waingereza wenyewe waliilegeza kanuni hiyo. Mwaka 1769 Bunge lao liliweka miaka 60 kuwa ndio mwisho wa Mfalme kudai ardhi, na sheria yao ya mwaka 1980 imeipunguza kuwa 30, isipokuwa ardhi ya ufukoni. India nayo ilikuwa na miaka 60 katika sheria ya 1908, na katika sheria ya 1963 ikaifanya 30. Huko, basi, Serikali hupewa muda mrefu kuliko raia, lakini hupewa muda.

Afrika Mashariki ilichagua njia nyingine. Tanzania ilifanya kama tulivyokwisha kueleza. Kenya nayo, katika Sheria ya Ukomo wa Mashauri iliyoanza kutumika tarehe 1 Desemba 1967, iliweka miaka 12 kwa ardhi ya watu binafsi, lakini ikatamka kwamba sheria hiyo haimwezeshi mtu yeyote kujipatia ardhi ya Serikali. Hapana miaka 30, wala 60. Hapana kabisa.

X NYEKUNDU NA X YA KIJANI

Hakuna mahali ambapo jambo hili huonekana waziwazi kama kandokando ya barabara zetu. Hifadhi ya barabara ni ardhi ya umma. Kwa muda mrefu hifadhi ya barabara kuu ilikuwa mita 22.5 kila upande kutoka katikati, na Sheria ya Barabara ya mwaka 2007 iliiongeza ikawa mita 30. Hivyo maofisa walipopita na rangi zao, nyumba nyingine zilipigwa X nyekundu na nyingine X ya kijani. Aliyejenga ndani ya mita zile 22.5 za zamani aliifuata barabara, naye huondoka bila fidia. Aliyekuwa katika mita 7.5 zilizoongezwa, barabara ndiyo iliyomfuata, naye hustahili kulipwa. Majirani wawili, ukuta kwa ukuta, wanatofautiana kwa hatua chache tu, na hatima zao hazifanani.

Mwaka 2017 nyumba nyingi zilibomolewa kando ya Barabara ya Morogoro, kutoka Kimara kuelekea Kiluvya, ambako hifadhi ya barabara ni pana zaidi, mita 121.5 kila upande. Waliobomolewa hawakuwa wote wageni wa jana. Wapo waliokwisha kuzaa na kulea pale, na wapo waliokuwa wakiuliza maswali ambayo mtu yeyote angeuliza: mbona nimeunganishiwa umeme? Mbona nimeletewa maji? Mbona kodi ya jengo ilipokewa na risiti nikapewa?

Jibu la sheria ni kavu. Kulipia umeme ni kulipia umeme. Si kununua ardhi. Ofisa hawezi kwa risiti yake kuigawa mali ambayo sheria imemkataza kuigawa. Lakini jibu hilo, ingawa ni sahihi kisheria, halitoshi kwa dhamiri ya taifa. Mwenyekiti wa mtaa aliyeipigia muhuri hati ya mauziano alikuwapo. Bwana afya alikuwapo, na fundi wa nguzo za umeme alikuwapo. Kila mmoja aliiona nyumba ikipanda kozi kwa kozi, akanyamaza. Sheria inapoipa Serikali ruhusa ya kutohesabiwa miaka, haikuwapa watumishi wake ruhusa ya kusinzia. Bandu bandu huisha gogo, na aliyeshika gogo ndiye anayepaswa kuuona ubandu wa kwanza.

ARDHI YA UMMA SI PORI LA MTAWALA

Hapa yafaa tutahadhari, kwa sababu maneno haya "ardhi ya umma" yana tafsiri mbili, na moja yao ni sumu.

Mwaka 1923 Waingereza walipotunga Sheria ya Ardhi ya Tanganyika, walitangaza ardhi yote kuwa ya umma, inayokaliwa na isiyokaliwa, chini ya mamlaka ya Gavana. Mwaka 1928 sheria ilirekebishwa ili haki ya Mwafrika aliyeikalia ardhi kwa mila itambuliwe. Uhuru ulipopatikana, mwaka 1963 umilikaji wa daima waliokuwa nao wachache uligeuzwa ukawa upangaji wa Serikali wa miaka 99. Na sheria mbili za mwaka 1999, ya Ardhi na ya Ardhi ya Vijiji, zinasema kwamba ardhi yote ya Tanzania ni ya umma, na Rais ameishika kama mdhamini kwa niaba ya raia wote.

Sasa basi, je, mkulima wa kijijini asiye na hati ni mvamizi wa ardhi ya umma? La, hasha! Mwaka 1994 Mahakama ya Rufani iliamua shauri lililohusu ardhi ya baba na mwanawe huko Arusha, ambao sheria ya mwaka 1992 ilitaka kuifuta haki yao ya kimila. Mahakama, kwa kalamu ya Jaji Mkuu Francis Nyalali, ilikataa hoja kwamba haki ya kimila si mali. Ilionya kwamba kama ingekuwa hivyo, Watanzania walio wengi wangekuwa maskwota katika nchi yao wenyewe. Haki ya kimila ni mali inayolindwa na Katiba, na haiwezi kutwaliwa bila fidia ya haki.

Basi mtu asichanganye. Aishiye katika ardhi ya kijiji chake kwa mila hategemei miaka 12 kuwa na haki, anayo tayari. Asiyekuwa na haki ni yule aliyeingia katika hifadhi ya barabara, ya reli, ya msitu au ya chanzo cha maji, au katika kiwanja kilichotengwa kwa shule au zahanati, akitumaini kwamba kimya cha Serikali kitageuka hati. Na ofisa amwambiaye mkulima wa kijiji kwamba ardhi ni ya umma kwa hiyo aondoke tu, ofisa huyo ameigeuza sheria kichwa chini miguu juu.

FUNZO LA PWANI YA KENYA

Anayetaka kuona jinsi saa ya sheria inavyoweza kumwumiza mnyonge, na aitazame pwani ya jirani zetu. Mwaka 1908 serikali ya kikoloni ilitunga sheria ya hati za ardhi kwa ajili ya pwani ile. Kila aliyedai kuwa na ardhi alitakiwa kupeleka madai yake kwa msajili. Ardhi ambayo haikuthibitishwa kuwa ya mtu ilihesabiwa kuwa ya Mfalme. Waliojua kusoma, waliokuwa na makaratasi na wakili, walipeleka. Wamijikenda walio wengi, ambao haki yao ilikaa katika kaya, makaburi na minazi wala si katika karatasi, wakaachwa nje. Wajukuu wao wakaitwa maskwota.

Tazama, basi, mizani hiyo. Mkoloni alimhesabia Mwafrika muda mfupi wa kudai, akaipoteza ardhi yake. Lakini ardhi hiyo ilipokwisha kuwa ya Mfalme, Mwafrika huyo hata akiikalia miaka 100 hahesabiwi hata siku moja.

Kwa ardhi zilizoangukia kwa watu binafsi, hasa matajiri waliohama na kukaa mbali, wakulima wa pwani wameitumia kanuni ya miaka 12 kama ngao. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufani ya Kenya huko Malindi iliulizwa kama kanuni hiyo si kinyume cha Katiba ya 2010 inayolinda mali. Mahakama ilijibu kwamba si kinyume. Mwenye mali amepewa muda wa kutosha wa kudai, na asipodai hana wa kumlaumu. Lakini ngao hiyo huishia mpakani mwa ardhi ya Serikali. Wakulima wawili waweza kulima bega kwa bega, mmoja kwenye shamba la tajiri aliyetoweka, mwingine kwenye ardhi ya Serikali. Wa kwanza akaenda mahakamani akapata hati, wa pili asipate kitu.

KWA NINI KANUNI HII ISIFUTWE

Baada ya kusikia hayo, msomaji mwenye huruma atasema: basi kanuni hii ifutwe, na miaka ihesabiwe hata juu ya Serikali! Sisi twasema hapana, tena twasema hivyo kwa ajili ya mnyonge mwenyewe.

Ni nani awezaye kuizungushia ukuta ardhi ya umma na kuilinda miaka 12? Maskini hupanda mchicha kando ya reli. Mwenye nguvu huchukua msitu. Tume ya Ndung'u, iliyoundwa Kenya mwaka 2003 na kutoa ripoti yake mwaka 2004, ilionyesha jinsi viwanja vya shule, hifadhi za barabara na misitu vilivyogawiwa kinyume cha sheria. Msitu wa Karura, jijini Nairobi, ulikwisha kukatiwa vipande kwa wajenzi binafsi, na Wangari Maathai alipigwa na kujeruhiwa mwezi Januari 1999 alipokwenda kupanda miti pale. Leo msitu ungalipo na watu hutembea kivulini mwake. Kama sheria ingesema kwamba miaka 12 ya ukuta huifanya ardhi ya umma kuwa ya mwenye ukuta, watekaji wa namna ile wangehitaji tu kungoja.

Tena mwezi Aprili 2023 Mahakama ya Juu ya Kenya iliamua juu ya kiwanja cha ufukoni Nyali, Mombasa, ambacho kilikwisha kugawiwa mwaka 1989 kwa Rais wa wakati huo, kisha kikauzwa mkono kwa mkono hadi kwa kampuni moja. Kiwanja hicho kilikuwa kimeziba njia ya watu kwenda baharini. Mahakama ilisema kwamba ardhi ya umma iliyogawiwa bila kufuata utaratibu haigeuki kuwa halali kwa sababu hati imebadilishana mikono, hata kama mnunuzi wa mwisho alilipa fedha zake. Zaidi ya miaka 30 ilikuwa imepita tangu ugawaji ule. Miaka hiyo haikumfaa mnunuzi, na njia ya mvuvi na mtoto wa mtaa kwenda pwani ikaokolewa.

Kwa hiyo kanuni ni njema. Kinachotakiwa ni kwamba wema wake usiwe kwa karatasi tu.

HATI LA, MAKAO NDIYO

Njia ya kuipatanisha kanuni hii na utu imekwisha kuonyeshwa. Mwezi Novemba 2011 kijiji cha Mitumba, karibu na uwanja wa ndege wa Wilson huko Nairobi, kilibomolewa. Wakazi walikwenda mahakamani, na shauri likapanda ngazi kwa ngazi hadi Januari 2021, Mahakama ya Juu ilipotoa hukumu yake. Ilisema kwamba watu wasio na ardhi wanaojenga makao yao katika ardhi ya umma hawapati hati ya ardhi hiyo. Lakini wanapata haki ya makazi inayostahili kulindwa. Maana yake ni kwamba Serikali yaweza kuirudisha ardhi yake, lakini haiwezi kuwatupa watu nje kama takataka. Sheria ya Kenya, kwa marekebisho ya mwaka 2016, hutaka wakaaji wa ardhi ya umma wapewe ilani ya miezi 3 isiyopungua kabla ya kuondolewa.

Twaiona hukumu hiyo kuwa imepima vema. Haikuichukua mali ya wote ikampa mmoja, wala haikusahau kwamba yule mmoja naye ni miongoni mwa wote.

YATUPASAYO

Basi yatupasa nini? Kwa mfanyakazi anayetafuta kiwanja, twasema: usinunue kwa neno la mdomo wala kwa muhuri wa mtaa peke yake. Nenda ofisi ya ardhi ya wilaya, uliza ramani, uliza mpaka wa hifadhi. Siku moja ya kusimama kwenye foleni ni nafuu kuliko miaka 20 ya kujenga juu ya ardhi ya umma. Mali bila daftari huisha bila habari.

Kwa yule aliyekwisha kujenga mahali ambapo hapajapimwa, lakini si hifadhi wala si hatari, twasema: usikae ukihesabu miaka. Sheria ya Ardhi ya 1999 imeweka njia ya urasimishaji wa makazi, nayo imeutaja ukaaji wa muda mrefu kuwa jambo la kutambuliwa na kulindwa. Miaka yako haikupi hati yenyewe, lakini ni hoja nzuri mbele ya anayetoa hati. Iombe kungali mapema.

Na kwa watumishi wa Serikali, hasa wale walioko karibu na wananchi, twasema kwa msisitizo: jiwe la mpaka lisiloonekana ni mtego. Hifadhi iwekewe alama. Msingi wa kwanza ukichimbwa pasipostahili, uzuiwe siku hiyo hiyo, si siku ya kupaka paa rangi. Ofisa aliyepokea bahasha ili anyamaze aulizwe yeye kwanza, kabla ya tingatinga kufika kwa aliyedanganywa.

Sheria imeamua kwamba juu ya ardhi ya umma miaka haihesabiwi. Raia amekubali, kwa sababu ardhi hiyo ni yake na ya wanawe. Lakini sheria iliyomwondolea Serikali hofu ya muda imemwongezea deni la kukesha, na deni hilo ndilo ambalo kila mwananchi ana haki ya kulidai, leo na kesho, bila ukomo wa muda wowote.